Vumilia na Wimbo wa Don Evaristo

"Zima! Jamani zima huo muziki, bibi analia!"

Aliyepaza sauti ni Anitha, na kikao kizima kikanyamaza kama kimemwagiwa maji.

Jumapili ile mchana, apatimenti ya Vumilia pale Langley Park, Maryland, ilikuwa imefurika mpaka watu wamekalia magunia ya mchele wa biashara yake ya kupikia watu. Kilikuwa kikao cha mwisho cha kamati ya harusi yake na Laurean. Jumamosi inayofuata wanafunga ndoa. Pilau ilishaliwa, sufuria zilishakwanguliwa, na Laurean alikuwa nyuma ya kinanda chake akiwasikilizisha wajumbe wimbo wa kuingilia bibi harusi. Sasa vidole vyake viliganda hewani.

Anayelia alikuwa Bibi Tránsito, jirani wa mlango unaotazamana na wa Vumilia, mama wa El Salvador mwenye miaka yake themanini na ushee. Kiswahili hajui hata neno, lakini akisikia tu vicheko vya upande wa pili anajifuta mikono, anabeba sahani ya pupusa, mikate yao ya mahindi, anaingia bila kubisha hodi. Vikao vya kamati alivihudhuria zaidi kuliko baadhi ya wajumbe.

"Nimekosea nota?" Laurean akauliza.

"Subirini, anaongea," Anitha akasema, amemwinamia bibi.

Huyu Anitha ni mtoto wa dada yake Vumilia. Amekulia hapahapa Langley Park. Kiswahili anakielewa chote ila ulimi wake unapenda kukimbilia Kiingereza, na Kihispania alikiokota kwenye ngazi za jengo, akicheza na wajukuu wa bibi.

"Okay. Anasema huu ni wimbo wa bwana harusi kutoroka."

"Ati?" Mzee Gitau, mwenyekiti wa kamati, akavua miwani.

Bibi Tránsito akasimama. Akashika maua ambayo hayapo, akatembea pole pole sebuleni kama bibi harusi, huku akiimba wimbo uleule kwa sauti nyembamba. Halafu akageuka, akawa mwanamume: akatazama kulia, akatazama kushoto, akanyata kwenye mlango wa jikoni, akatokomea. Jikoni akaiga mlio wa treni.

Nyumba nzima ikaangua kicheko. Bibi akarudi anapangusa machozi, akamwambia Anitha mengine.

"Anasema ni sinema. Akiwa msichana walitandika shuka jeupe ukutani kwa kanisa, wakawaonyesha kijiji kizima. Huyo bibi harusi anaingia kanisani, muziki unapigwa, kumbe jamaa ameshapitia mlango wa sakristia. Hakurudi tena. Anasema kwao huu wimbo hata kwenye birthday hawapigi."

"Haaa!" Benadetha akapiga makofi. Huyu ni mweka hazina wa kamati, na habari ikipita kwake Jumapili asubuhi, jioni imeshafika Baltimore. "Vumi shoga yangu, mwenzio keshakuaga kwa kinanda!"

"Haiwezekani," Laurean akasema, anapekua karatasi zake. "Tazameni wenyewe. Hapa juu Don Evaristo ameandika kwa mkono wake: boda. Kwa Kihispania ni harusi. Harusi, siyo kutoroka!"

"Boda?" Mzee Gitau akashangaa. "Kumbe jamaa alitoroka na pikipiki!"

Watu wakalia kwa kucheka. Aliyekuwa hacheki ni Laurean, kwa sababu ukimgusa Don Evaristo umemgusa yeye.

Na huyo Don Evaristo Menjívar kila rafiki wa Vumilia alishamjua, apende asipende. Laurean ameajiriwa kwenye maktaba moja kubwa mjini Washington, kazi yake kupanga karatasi za muziki wa zamani. Miaka minne iliyopita aliletewa makasha ya mzee huyo, akazama humo. Mtu akimpa chai, anasimuliwa: Don Evaristo alizaliwa Santa Ana, huko El Salvador, baba yake mpiga tarumbeta wa bendi ya manispaa. Akaenda Meksiko na trombone begani, kipindi ambacho sinema za Kihispania zinatoka studio kama mikate tanurini. Miaka ya arobaini na hamsini akatunga muziki wa filamu zaidi ya sitini. Anakaa gizani na saa ya kuhesabia sekunde, picha inapita ukutani, yeye anaandika. Asubuhi orkestra inapiga na wino haujakauka. Mapenzi, vichekesho, wachunga ng'ombe, watawa, vyote vilipita mikononi mwake. Uzeeni akaja kuishi na binti yake hapa Maryland, akafa kimya, majirani wakidhani ni mstaafu wa kiwanda.

Kasoro moja tu. Makasha yalikuja na nota, hayakuja na filamu. Filamu zote ziko kwenye ghala kule Meksiko. Laurean alikuwa ameusoma muziki wote wa mzee, lakini filamu zenyewe hajaziona.

Vumilia naye alikuwa anacheka na wenzake, mkono kiunoni, mwiko mkononi. Akamgeukia mchumba wake kwa utani.

"Haya baba, sema ukweli mbele ya kamati. Unanitorokea unakwenda wapi? Treni inaondoka lini?"

Laurean akanyanyua uso. Rangi ilikuwa imemtoka.

"Nani amekuambia habari za Meksiko?"

Kicheko kikakatika. Hata Benadetha alifunga mdomo, na hilo halitokei.

"Habari gani za Meksiko?" Vumilia akauliza taratibu.

Mzee Gitau akawa wa kwanza kusimama.

"Wajumbe, kikao nimekifunga. Kila mtu atafute viatu vyake, na asivae vya mwenzake."

*

Walipobaki wawili, Vumilia alikwenda jikoni, akafungua maji kwenye sinki, akaanza kusugua sufuria ambayo Benadetha alishaiosha.

"Lini?"

"Januari."

"Kwa muda gani?"

"Mwaka. Wana filamu za Don Evaristo, wanataka mtu wa kuoanisha nota na picha. Vumi, hakuna mtu mwingine duniani anayezijua hizi nota kama..."

"Umeshawajibu?"

Laurean akachukua kitambaa, akaanza kupangusa sahani kavu.

"Laurean. Umeshawajibu?"

"Nimesema ndiyo."

Vumilia akafunga bomba.

"Umesema ndiyo kwao kabla hujasema ndiyo kwangu mbele ya padri. Na mimi ulitaka uniambie lini? Nikusindikize uwanja wa ndege nikidhani tunakwenda fungate?"

"Baada ya harusi. Nilitaka ufurahi kwanza."

"Aa! Kumbe harusi yangu ni sindano ya ganzi. Unichome kwanza, ndipo uning'oe jino."

"Vumi, niliogopa utakataa."

"Na ningekataa kwa kinywa changu mwenyewe! Wewe umekaa kule kwako Laurel peke yako, ukaniuliza kichwani mwako, ukanijibia, ukanikasirikia, ukanificha. Mimi nilikuwa wapi? Nilikuwa hapa nakaanga vitunguu vya harusi yetu."

Laurean akanyoosha mkono kumshika bega. Vumilia akarudi nyuma.

"Chukua kinanda chako. Na usinipigie. Nikikuhitaji namba yako ninayo."

*

Jumatatu meseji zikaanza kuingia.

"Vumi, umekula?"

"Vumi, najua umesoma. Tiki zimekuwa za bluu."

"Padri anauliza kuhusu mazoezi ya Ijumaa. Nimjibu nini?"

Vumilia alijibu moja tu: "Nimekula. Chakula unajua kuniuliza."

Jumanne Benadetha akapiga.

"Shoga, mimi si mmbea, unanijua."

"Nakujua."

"Ila watu wananipigia mimi. Harusi ipo au haipo? Kuna mtu anatoka Ohio, kuna mtu keshasuka. Mimi gauni langu nimeweka mkia wa samaki, Vumi, nikilivaa kwenye kipaimara watanifukuza."

"Suka na wewe."

"Kwa hiyo ipo?"

"Nimesema suka. Sijasema ipo."

"Mungu wangu. Mpenzi, unampenda au humpendi?"

Vumilia akakaa kwenye gunia la mchele. Nje mashine za reli mpya zilikuwa zinachimba barabara, vikombe vinatetemeka kabatini.

"Nampenda, Bena. Hiyo ndiyo shida. Ningekuwa simpendi, ningeshamuaga na safari njema. Lakini siwezi kuingia kwenye nyumba ambayo mambo yangu yanaamuliwa nikiwa nimelala. Mama yangu aliishi hivyo. Anaamka anakuta ng'ombe ameuzwa, mtoto amehamishwa shule, yeye anaambiwa 'tulisahau kukuambia'. Siwezi."

Benadetha, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, hakumsimulia mtu simu hiyo.

Laurean naye alikuwa anapata dozi yake. Mzee Gitau alimpigia akiwa kazini.

"Wewe kijana, ni ukweli ulienda kuambia watu wa Mexico yes bila kuongea na mwenye nyumba?"

"Ni kweli, Mzee."

"Sasa hiyo ni akili ya wapi? Mimi kwangu siwezi badilisha stesheni ya TV kabla sijauliza, na nimeoa miaka thelathini!"

"Nimeshaandika barua pepe ya kuikataa ile kazi, Mzee. Bado tu kuituma."

"Ati umeandika? Umemuuliza yeye kama ukatae?"

"Hapana, Mzee."

"Ona sasa," Mzee Gitau akasema. "Unarudia kosa lilelile ukiwa umeligeuza kichwa chini. Enda kwake. Enda na mdomo, wacha kompyuta."

*

Alhamisi jioni, jua bado liko juu ya paa za Langley Park, Laurean akapanda ngazi. Kabla hajafika kwa Vumilia, mlango unaotazamana na wake ukafunguka. Bibi Tránsito akasimama katikati ya korido, mikono kifuani, akammwagia Kihispania kirefu. Laurean alisoma lugha hiyo maktabani, akaelewa nusu, na hiyo nusu ilimtosha.

"Bibi, nina kitu cha kukuonyesha," akamwambia kwa Kihispania chake cha vitabuni. "Wewe na yeye."

Bibi akamshika mkono kama mtuhumiwa, akamwingiza kwa Vumilia bila kubisha.

Ndani, kama kawaida, watu. Benadetha anakunja sambusa, Anitha anahesabu sahani za karatasi, Vumilia yuko kwenye jiko. Wote wakageuka.

"Shikamoo wote," Laurean akasema kwa kuchanganyikiwa.

"Marahaba," akajibu Benadetha, mdogo wake kwa miaka sita.

"Vumi, naomba dakika moja. Halafu ukinifukuza, naondoka."

Vumilia akageukia jiko. Akapunguza moto.

Laurean akaweka simu juu ya meza. Alikuwa amewaomba watu wa ghala kule Meksiko wamtafutie chanzo cha wimbo ule, nao wakamtumia kipande kifupi. Picha nyeusi na nyeupe, mikwaruzo kama mvua. Kanisa dogo. Wimbo uleule ukaanza, na bibi harusi mnene mwenye mashavu ya kucheka akaingia. Bwana harusi wake mfupi alikuwa na haraka mpaka akajikwaa kwenye ngazi ya altare, akaamka na vumbi magotini, akamkimbilia.

"Hii ndiyo sinema ya kwanza," Laurean akaeleza. "Kichekesho. Haikutazamwa na watu, ikaondolewa baada ya wiki. Don Evaristo aliutunga kwa ajili ya hawa wawili. Halafu studio ikawa na haraka na sinema nyingine, ile ya kutoroka. Hawakumpa nafasi atunge upya. Walichukua wimbo wake wa furaha wakaubandika kwenye kilio. Hiyo ndiyo ikatazamwa na dunia nzima. Hawakumuuliza."

Akamtazama Vumilia.

"Hawakumuuliza," akarudia, taratibu.

Anitha alikuwa anamtafsiria bibi. Bibi Tránsito akasogeza simu karibu na pua, akatazama yule mwanamume mfupi akikimbia, akaanza kucheka peke yake kwa mabega.

"Anasema hii hakuiona. Anasema angeiona hii, pengine angeolewa mapema."

"Ngoja kidogo," Vumilia akasema ghafla. Alikuwa amesogea bila mwenyewe kujua. "Rudisha. Huyo nyuma kwenye kinanda ni nani?"

Laurean akarudisha. Pembeni ya picha, kwenye kinanda cha kanisa, kijana mwembamba mwenye masharubu alikuwa anapiga huku anacheka, akigeuza shingo kumtazama bibi harusi.

Laurean akashika meza.

"Ndiye," akasema. "Ni Don Evaristo mwenyewe. Vumi, sikumwona. Nimeitazama mara kumi, nilikuwa nasikiliza tu. Sijawahi kumwona akicheka."

Mwanamume mzima, koti la kazini, anafuta macho kwa kitambaa cha kukaushia sahani. Na Vumilia akamtazama, si kwenye simu, usoni. Aliona kitu ambacho miaka yote ya stori za chai hakikumwonyesha: kwamba huyu mtu asipokwenda kuziona hizo picha, atabaki na njaa ambayo hakuna pilau ya kuishibisha.

"Nimeandika barua ya kuikataa kazi," Laurean akasema. "Sijaituma."

"Usithubutu."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu utanidai. Kila tukigombana, hata kwa sababu ya chumvi, utakumbuka Meksiko. Mimi sikutaka ukatae, Laurean. Nilitaka uniulize."

Benadetha aliacha sambusa ikiwa wazi mkononi. Anitha akazima redio. Laurean akavuta kiti, akakaa mbele ya Vumilia, magoti yakagusana.

"Vumilia. Kuna kazi Meksiko. Mwaka mmoja, kuanzia Januari. Naitaka sana. Na wewe nakutaka kuliko hiyo. Sijui nifanye nini. Unasemaje?"

"Hapo sasa," Benadetha akanong'ona.

"Bena, nyamaza," Vumilia akasema, lakini mdomo ulishaanza kucheka. "Nasema hivi. Utakwenda. Mpaka Pasaka nina oda za watu, siwezi kuziacha. Baada ya Pasaka jiko nalikabidhi kwa Anitha, nakufuata, tunamaliza mwaka pamoja."

"Me?" Anitha akaruka. "Ma'mdogo, mimi chapati zangu zina kona!"

"Utajifunza. Na wewe Laurean, kuna sharti. Siku nyingine likija jambo, hata liwe la kuhamisha kochi, nalisikia siku hiyohiyo."

"Siku hiyohiyo."

"Hata kama unaogopa."

"Hasa nikiwa naogopa."

Bibi Tránsito, ambaye hakuelewa hata silabi, alikuwa anatikisa kichwa kukubali kila kipengele.

"Na wimbo je?" Benadetha akauliza. "Tutafute mwingine? Kuna ule mzuri walioingilia nao kina Adela kwenye harusi yao."

"Wimbo ni huohuo," Vumilia akasema. "Ulitungwa kwa ajili ya harusi. Naurudisha kwao."

*

Jumamosi, kanisani Landover, palijaa mpaka watu wanasimama nyuma. Vumilia alikuwa amealika jengo zima, kwa hiyo upande wa kulia walikaa Watanzania, Wakenya na Wakongo wenye mavazi ya kung'aa, upande wa kushoto wakakaa majirani wa El Salvador na Guatemala, wazee wao wamezishika kofia zao magotini.

Baba yake Vumilia alikuwa anatazama kwa simu kutoka Tabora, ameshikiliwa juu na Anitha. Wa kumsindikiza bibi harusi akawa Mzee Gitau, suti ya kijivu, ua kifuani.

"Uko tayari, mama?"

"Niko tayari, Mzee."

Mpiga kinanda wa kanisa akaanza. Upande wa kulia vigelegele vikapaa mpaka darini. Upande wa kushoto wazee wakashtuka. Mama mmoja akafanya ishara ya msalaba. Mwingine akamkamata mumewe mkono. Shingo zote za upande ule zikageuka, siyo kumtazama bibi harusi. Zikageukia mlango wa sakristia.

Na pale mlangoni, kwenye kiti cha plastiki alichokibeba mwenyewe, alikuwa amekaa Bibi Tránsito, kitambaa cheusi kichwani, mkoba magotini, miguu imezuia njia. Picha ya kwenye simu aliiona, akacheka, akafurahi. Lakini wanaume anawajua.

Laurean alikuwa amesimama altareni kama alivyofundishwa kwenye mazoezi: mikono mbele, macho kwa padri, asigeuke mpaka aambiwe. Akavumilia nota chache. Halafu akageuka. Alipomwona Vumilia katikati ya njia, shela imemfunika uso na bado tabasamu linaonekana, mazoezi yote yakamtoka kichwani. Akashuka ngazi.

Kanisa likavuta pumzi. Upande wa kushoto mtu mmoja akasema, "¡Ay, no!"

Laurean hakwenda sakristia. Alikuja njia kuu, mbiombio, tai imegeukia begani.

"Bwana harusi, rudi mahali pako!" Mzee Gitau akanong'ona kwa ukali. "Bado hatujafika!"

"Siwezi, Mzee. Mko polepole mno."

"Laurean, rudi, watu wanatutazama," Vumilia akasema chini ya shela, anacheka.

"Acha watutazame. Naomba nikuulize kitu. Nikusindikize mimi?"

"Umeuliza vizuri," akasema Vumilia, akampa mkono.

Mzee Gitau akabaki amesimama na kiwiko chake kitupu, halafu akapiga makofi, na kanisa zima likafuata. Sasa hata upande wa kushoto walikuwa wamesimama, kofia juu, wanapiga miluzi. Wazee wale wanaimba wimbo wa Don Evaristo kwa maneno ambayo pengine walikuwa hawajayatamka toka ujanani. Benadetha akalia mpaka kope za bandia zikamshukia shavuni.

Bibi Tránsito akangoja mpaka wawili hao wakapiga magoti mbele ya padri. Akamtazama Laurean mgongoni, akahakikisha. Ndipo akanyanyuka, akabeba kiti chake cha plastiki, akakitoa mlangoni, akakiweka mstari wa mbele karibu na Benadetha, akakaa kama wageni wengine.